Yadi 4,720 "tu"?

Wiki hii ni mara ya tatu mtu kunionyesha simu, kidole kikiwa juu ya jedwali la wakimbiaji wa futiboli ya Kimarekani, akitaka kujua kwa nini namsifia Marion Motley, fulubeki wa zamani wa timu ya Cleveland Browns, kila mazoezi. Motley ana yadi 4,720 za kukimbia na mpira, Jim Brown, mkimbiaji mwingine maarufu, ana 12,312. Safari hii aliyeuliza ni fulubeki wangu mwenyewe, yaani mchezaji wa nyuma anayebeba mpira na kuwakinga wenzake, ambaye hata kukinga hajajua. "Kocha, mbona huyo mzee wako wa kawaida tu?"

Haya. Kwanza gawanya, ndugu yangu. Brown alibeba mpira mara 2,359, Motley mara 828. Kila alipobeba, Brown alipata wastani wa yadi 5.2, Motley 5.7. Cha kushangaza ni kwamba mtu wa namna hiyo, kilo 105 hivi, alipewa mpira kwa nadra kiasi kile. Alikuwa na kazi nyingine, na kazi hiyo haina jedwali.

Cleveland Browns ya kocha Paul Brown ilikuwa timu ya pasi. Otto Graham, kotabeki wao, yaani mrusha pasi, anarudi nyuma, anatafuta wa kumrushia, na mbele yake amesimama Motley. Watu hudhani kukinga ni kusukumana. Sivyo, na hapa msinikatize. Anayekuja kumvamia kotabeki anakuja mbio, wewe umesimama. Ukimkimbilia, anakukwepa, unakumbatia hewa na kotabeki yuko chali. Ukimngoja umesimama wima, anawazoa wewe na kotabeki wote wawili. Unakunja magoti, unatulia, unamwacha achague njia, ndipo unamkuta kifuani kutoka chini. Na enzi hizo hukuruhusiwa kunyoosha mikono na kusukuma kwa viganja kama siku hizi. Ngumi zilibaki kifuani, kazi ikafanywa na bega na kigasha. Jaribu hivyo mara 20 kwa mechi moja, kisha uje na simu yako.

Hata mbinu iliyompa yadi nyingi ilizaliwa humo humo. Inasimuliwa kwamba pasi moja iliharibika, Graham akazidiwa, akamkabidhi Motley mpira kwa kukata tamaa. Wapinzani walikuwa wameshampita wakimkimbilia Graham, kwa hiyo mbele palikuwa peupe. Paul Brown akaigeuza ajali ile kuwa mchezo wa kupangwa: kotabeki anajifanya anarusha pasi, kisha anampa Motley mpira akimbie.

Nikiri kwamba hiyo 5.7 nami hunikosesha raha. Katika AAFC, ligi pinzani ambamo Browns walicheza kwanza, 1946 hadi 1949, wastani wake ulikuwa 6.2, ndani ya NFL, ligi kuu, ukawa 5.0. Anayesema AAFC ilikuwa laini ana hoja. Lakini Browns waliingia NFL mwaka 1950 wakachukua ubingwa mwaka huohuo, na Motley, mwenye miaka 30 na magoti yaliyochoka, akaongoza ligi kwa yadi 810. Oktoba 29 mwaka ule aliwakimbiza Pittsburgh Steelers yadi 188 kwa kubeba mara 11 tu. Kinachonitatiza zaidi ni kwamba anayekimbia wakati wapinzani wanangoja pasi hukuta nafasi pana. Angebeba mara 20 kila mechi huku kila mtu akimtarajia, wastani ungeshuka. Ungeshuka hadi wapi, kila mmoja wetu anabahatisha.

Na wale wa "Jackie Robinson, mchezaji wa besiboli, ndiye aliyewafungulia weusi mlango wa michezo ya kulipwa", haraka haraka: Motley na mwenzake Bill Willis, weusi wote wawili, walisajiliwa na Browns Agosti 1946, Robinson akacheza mechi yake ya kwanza ya ligi kuu ya besiboli Aprili 1947. Desemba 1946 wote wawili waliachwa nyumbani timu ilipokwenda Miami, kwa sababu ya rangi yao. Uwanjani wapinzani walimkanyaga Motley mikono kwa daluga akiwa chini. Alipostaafu baada ya msimu wa 1955 aliomba kazi ya ukocha, hakupewa. Mwaka 1968 waliliweka jina lake katika Ukumbi wa Mashujaa wa futiboli, ulioko Canton, Ohio, mji uleule aliokulia.

Kijana wangu nimemjibu kwa ufupi zaidi. Jumamosi aje na daluga, mpira hatougusa. Atasimama mbele ya kotabeki, ngumi kifuani, nami nitawaachia wale watatu wakubwa wa timu yetu wamvamie.