Gradienti: jinsi ya kujua mistari ni sambamba ama inakutana kwa pembe mraba

Ukipewa ekwesheni mbili za mistari iliyonyooka, si lazima uchore kitu ndo ujue kama hiyo mistari ni sambamba ama inakutana kwa pembe mraba, yaani digrii 90. Unatafuta namba moja tu kutoka kwa kila mstari, hiyo namba inaitwa gradienti. Wanafunzi husoma hii kitu shuleni alafu wengi hutoka hapo wamekariri sheria mbili bila kujua zimetoka wapi, na ndo maana mtihani ukifika wanazichanganya. Lakini hizo sheria unaeza kuziona kwa macho yako zikitokea kwa karatasi, na ukishaziona hivyo hakuna haja ya kukariri.

Tuanze na gradienti yenyewe. Ni kiasi gani mstari unapanda kila ukienda hatua moja kulia. Chukua pointi mbili zilizo kwa mstari, sema (1, 2) na (4, 4). Kutoka ya kwanza hadi ya pili umeenda kulia 3 na umepanda 2, gawa kupanda kwa kwenda kulia, unapata 2/3. Basi. Mstari ukishuka ukienda kulia gradienti ni hasi, ukiwa umelala kabisa ni sifuri. Na haijalishi umechagua pointi gani, bora ziko kwa mstari huo huo jibu ni lile lile. Cha kuchunga ni mpangilio: kama juu umeanza na pointi ya pili, na chini pia anza na hiyo ya pili. Ni (4 − 2) gawa kwa (4 − 1), ukigeuza chini peke yake ikawa (1 − 4) alama inabadilika na kila kitu kinachofuata kinaharibika.

Sasa angalia ramani ya tao, katikati ya Nairobi. Kenyatta Avenue, Standard Street na Kaunda Street zimelala karibu sambamba, alafu Wabera Street inatoka Kenyatta Avenue na kuzikata hizo zingine karibu kwa pembe mraba. Weka grafu juu ya hiyo ramani vile unataka, igeuze hata, namba za gradienti zitabadilika lakini zile barabara tatu bado zitakuwa na gradienti karibu sawa, na ya Wabera bado itahusiana na zao kwa njia ile ile. Huo uhusiano ndo tunautafuta.

Sambamba ni rahisi. Kama mistari miwili inapanda kwa kiasi kimoja, nafasi kati yao haipungui wala haiongezeki, kwa hivyo haiwezi kukutana. Gradienti sawa, mistari sambamba. Kwa ekwesheni, y ikibaki peke yake upande mmoja, namba iliyo mbele ya x ndo gradienti, juu x ikiongezeka 1 y inaongezeka kwa hiyo namba. Kwa hivyo y = 2x + 3 na y = 2x − 5 ni sambamba kwa sababu zote zina 2 mbele ya x, hiyo 3 na −5 zinaonyesha tu kila mstari unakata mhimili wa y wapi. Ila chunga, ekwesheni ikiandikwa tofauti haimaanishi mstari ni tofauti: 4x − 2y = −6 ukiipanga vizuri ni y = 2x + 3 ile ile, huo ni mstari mmoja umeandikwa mara mbili.

Na hapa kuna kitu walimu wengi hupita haraka sana. Umewahi kufanya zile ekwesheni mbili za pamoja, za kutafuta x na y, alafu kila kitu kinapotea unabaki na kitu kama 0 = 3? Mfano 2x + y = 5 na 4x + 2y = 7. Zidisha ya kwanza kwa 2 inakuwa 4x + 2y = 10, toa ya pili, x inaenda, y inaenda, unabaki na 0 = 3 ambayo haiwezekani. Hujakosea mahali. Hiyo mistari yote miwili ina gradienti −2, ni sambamba, na wewe ulikuwa unauliza zinakutana wapi. Jibu ndo hilo, hazikutani.

Pembe mraba ndo inasumbua watu, na ndo nzuri zaidi. Chukua karatasi ya grafu, chora kutoka (0, 0) hadi (3, 2), yaani kulia 3 juu 2. Gradienti ni 2/3. Sasa shika hapo kwa (0, 0) na kidole, na uigeuze hiyo karatasi yote digrii 90 kuelekea kushoto. Angalia kile kimetokea: ile safari ya kulia 3 sasa imekuwa safari ya juu 3, na ile ya juu 2 imekuwa safari ya kushoto 2. Mwisho wa mstari umetoka (3, 2) umeenda (−2, 3). Gradienti mpya ni 3 gawa kwa −2, yaani −3/2. Namba ya juu imeshuka chini, ya chini imepanda juu, na alama imebadilika kwa sababu kile kilikuwa kinaenda juu sasa kinaenda kushoto. Hakuna mtu aliamua iwe hivyo, ni karatasi imegeuka tu. Na ukizidisha 2/3 na −3/2 unapata −1, na itakuwa −1 kila wakati kwa sababu kila namba inakutana na yenyewe iliyopinduliwa, na hasi inabaki moja.

Kwa hivyo mistari miwili inakutana kwa pembe mraba gradienti zao zikizidishwa zikitoa −1. Mambo mawili yanafanyika kwa pamoja, kupindua na kubadilisha alama, na makosa mengi nayaona hapo hapo: mtu anaona 2/3 anaandika 3/2, ama anaandika −2/3. Ukiwa na shaka fikiria hivi, kama mstari mmoja unapanda ukienda kulia, ule wa kuukata kwa pembe mraba lazima ushuke, kwa hivyo alama lazima zitofautiane. Na kama mmoja unapanda pole pole, ule mwingine lazima uwe mkali. Kwa 2 ni −1/2, kwa −5 ni 1/5.

Tufanye moja kama la mtihani. Mstari ni 3x + 2y = 12, tafuta mstari sambamba nao unaopita (4, 1), alafu utafute ule wa kuukata kwa pembe mraba ukipita hapo hapo. Hatua ya kwanza ni y ibaki peke yake, na tafadhali usiiruke, juu mtu akiona ile 3 mbele ya x anaandika gradienti ni 3 na swali limeisha hapo. 2y = −3x + 12, gawa kwa 2, y = −3/2 x + 6. Gradienti ni −3/2. Wa sambamba una gradienti hiyo hiyo na unapita (4, 1), kwa hivyo ni y − 1 = −3/2 (x − 4), zidisha kwa 2 kuondoa sehemu, panga, unapata 3x + 2y = 14. Umeona upande wa kushoto haujabadilika hata kidogo? Ni namba ya mwisho tu imebadilika. Wa pembe mraba una gradienti 2/3, y − 1 = 2/3 (x − 4), inakuja kuwa 2x − 3y = 5. Hapo nazo zile 3 na 2 zimebadilishana nafasi na alama moja imegeuka, kama vile karatasi ilifanya. Alafu hakikisha kwa kuweka (4, 1) ndani: 8 − 3 = 5, sawa.

Kuna mtego mmoja wa grafu. Sheria ya −1 inaonekana kwa macho tu kama skeli ya x na ya y ni moja. Ukichora x kwa sentimita 1 kwa kila 1, na y kwa sentimita 1 kwa kila 5 ndo grafu itoshee ukurasa, mistari inayokutana kwa pembe mraba itaonekana imeinama vibaya, na mwanafunzi anaweka protrakta anapata digrii zingine kabisa anafuta kazi nzuri. Usifute. Amini namba. Sambamba haina hiyo shida, hata skeli zikitofautiana mistari sambamba bado itaonekana sambamba.

Mstari uliosimama wima, kama x = 4, hauna gradienti, kwa sababu hauendi kulia hata kidogo na huwezi kugawa kwa sifuri. Unakata y = 1 kwa pembe mraba na kila mtu anaona, lakini usijaribu kuzidisha kutafuta −1, hapo haifanyi kazi. Iseme tu ilivyo: mmoja wima, mwingine umelala.

Sasa nataka tuone hii kitu ikifanya kazi ya maana, juu watu huniuliza itawasaidia na nini. Chukua ploti ya 50 kwa 100, ile ya kawaida huku Ruai ama Kitengela, hiyo ni futi, kwa mita ni karibu 15 kwa 30. Tuseme bikoni nne, zile alama za mpaka kwa kona, zina koodineti hizi kwa mita: A (20, 3), B (32, 12), C (14, 36) na D (2, 27). Nimezitunga mimi, ploti imekaa upande upande hivyo macho hayakusaidii. Je, kona zimekaa skweya?

AB: umeenda kulia 12, juu 9, gradienti 3/4. DC: kulia 12, juu 9, tena 3/4. Sambamba. BC: kushoto 18, juu 24, gradienti −4/3. AD hivyo hivyo, −4/3. Na 3/4 mara −4/3 ni −1, kwa hivyo kona zote nne ni digrii 90. Kwa mistari mitatu ya hesabu umejua umbo la shamba ambalo hujalikanyaga. Fundi angefanya na kamba, ile ya pembetatu ya pande 3, 4, 5 ambayo hutoa kona ya digrii 90, na angepata jibu hilo hilo kwa sababu ni ukweli ule ule umepimwa kwa njia nyingine.

Sasa mtu asogeze bikoni ya C, iende (14, 33). Mita 3 tu, mahali kuna nyasi, nani ataona? DC sasa ni kulia 12, juu 6, gradienti 1/2, haiko tena sambamba na AB. BC ni kushoto 18, juu 21, inakuwa −7/6, na 3/4 mara −7/6 ni −7/8. Si −1. Kona ya B imeharibika na sambamba imeharibika, hesabu inapiga kelele kabla mtu yeyote hajafika na tepu. Na eneo nalo: ploti ilikuwa mita mraba 450, sasa ni 405, umepoteza 45, yaani asilimia 10 ya kitu ulicholipia.

Na C ilikuwa wapi? Kama A, B na D ziko mahali pake, unaeza kuirudisha bila kuuliza mtu. C lazima iwe kwa mstari unaotoka D ukiwa sambamba na AB, gradienti 3/4, na pia iwe kwa mstari unaotoka B ukikata AB kwa pembe mraba, gradienti −4/3. Wa kwanza ni y − 27 = 3/4 (x − 2), ukiupanga ni 3x − 4y = −102. Wa pili ni y − 12 = −4/3 (x − 32), unakuwa 4x + 3y = 164. Zidisha wa kwanza kwa 3 na wa pili kwa 4, ujumlishe, y inaenda, unabaki na 25x = 350, x ni 14. Weka 14 kwa ule wa pili, 3y = 108, y ni 36. Bikoni inafaa kusimama (14, 36).