Kuhamisha gemu: Doom ilivyoingia kwenye simu ya batani

Kuhamisha gemu ni kuichukua gemu iliyotengenezwa kwa mashine ya aina moja na kuifanya ichezeke kwenye nyingine. Mashine zikikaribiana, kazi ni nyepesi. Ila kutoka kompyuta kwenda kwenye simu za batani za miaka ya 2000, mara nyingi ilibidi gemu ijengwe upya.

Chukua Doom, gemu ya kufyatua risasi iliyotolewa na id Software ya Marekani mwaka 1993. Utamu wake ni mbio. Kishetani cha kahawia kinakurushia mpira wa moto, wewe unakwepa pembeni huku unageuka na huku unapiga. Sasa shika kiswaswadu. Gumba liko kwenye 2 unasonga mbele, unataka kupiga kwa 5. Simu nyingi za wakati ule zilisoma kitufe kimoja tu kwa wakati, kwa hiyo lazima usimame ndipo upige, na ukisimama umekwisha. Juu ya hapo kioo ni kidogo, programu za Java, lugha ya kompyuta iliyotumika kuandikia gemu za simu hizo, zinajikokota, na baadhi ya simu hazikupokea gemu iliyozidi kilobaiti 64.

John Carmack, aliyeandika injini ya Doom, yaani programu ya msingi inayoiendesha gemu, hakulazimisha mbio zile ziingie humo. Mwaka 2005, pamoja na kampuni ya Fountainhead Entertainment, alitoa Doom RPG, gemu ya kupokezana zamu (RPG ni kifupi cha role-playing game, gemu ya kuigiza mhusika). Kituo cha kwenye sayari ya Mars, ambako mapambano yanafanyika, kiligawanywa miraba kama ubao wa drafti. Ukipiga hatua moja, maadui nao wanacheza zamu yao. Ukitulia, nao wanatulia. Ukigeuka, unageuka robo duara nzima. Basi kitufe kimoja kwa wakati kinatosha kabisa, na kishetani kikiwa mbele yako una nafasi ya kuwaza: nipige, nirudi nyuma, au nijitibu kwanza?

Wapo wanaosema bila mbio hiyo si Doom. Siwakubalii. Korido zenye giza zipo, shotigani ipo, na ile hofu ya kufungua mlango usiojua nyuma yake kuna nini imebaki vilevile. Kwangu huko ndiko kuhamisha gemu kwa heshima, maana mchezaji hapambani na batani, anapambana na mashetani. Njia hiyohiyo ilitumika tena kwenye Wolfenstein RPG mwaka 2008.