Kwa nini nyoka wa kisiwa kimoja Brazili ana sumu kali hivyo, na tumwiteje?

Kuna picha ya nyoka wa manjano inayozunguka kwenye magrupu ya WhatsApp hapa Kisumu, chini yake pameandikwa "swila wa kisiwa cha kifo". Nyoka huyo yupo kweli. Ila si swila.

Anaishi mahali pamoja tu duniani: kisiwa cha Queimada Grande, kilomita zipatazo 35 kutoka pwani ya jimbo la São Paulo. Ni kisiwa kidogo cha hekta 43, sawa na viwanja 60 hivi vya mpira. Miaka kama 11,000 iliyopita barafu iliyeyuka, bahari ikapanda, na kilichokuwa kilima cha bara kikazungukwa na maji. Nyoka waliokuwa juu yake wakabaki huko.

Shida ikawa chakula, kwani kisiwani hakuna panya. (Mfangano, kisiwa chetu cha Ziwa Victoria, hakijatengwa hivyo, maboti huenda na kurudi kila siku, na panya hawakosi kwenye mizigo.) Ndugu zake wa bara, jararaka, humgonga panya, humwachia, kisha humfuata polepole kwa harufu hadi wamkute amekufa. Ndege hafuatiki namna hiyo: ukimwachia, ataruka akafie baharini. Basi huyu wa kisiwani humng'ang'ania mdomoni, meno yamezama manyoyani, mpaka atulie. Kizazi baada ya kizazi, wale ambao sumu yao ililegeza ndege upesi ndio walioshiba na kuzaa. Ukali wa sumu hiyo ulitokana na ndege. Binadamu hakuwamo kabisa.

Tena ndege wenyeji wa kisiwa wamemjua, humkwepa. Anaowapata zaidi ni wapita njia, wale wanaohama kwa misimu na kutua mitini kupumzika. Wasipokuja, hakuna karamu. Watoto wake hujilisha tandu, vyura na mijusi.

Husemwa pia kwamba kila mita moja ya mraba ina nyoka wake. Watafiti hukadiria wako kati ya 2,000 na 4,000. Gawanya mwenyewe: ni nyoka mmoja kwa kila mita za mraba 100 au zaidi. Bado ni wengi, lakini hutawakanyaga kila hatua.

Sasa jina. Sumu ya swila wengi hushika mishipa ya fahamu, mtu akashindwa kupumua. Huyu ni wa ukoo mmoja na moma, yule mnene anayejilaza kwenye vijia vya shamba: meno marefu yanayojikunja mdomoni, na sumu inayovimbisha na kuozesha nyama. Yake huharibu pia kuganda kwa damu. Lakini hata moma hamtoshi. Kati ya jicho na tundu la pua ana kishimo kinachohisi joto la kiumbe aliye karibu, na Afrika nzima haina nyoka mwenye kishimo hicho. Wabrazili humwita jararaka wa kisiwani, na jina lake la kisayansi, Bothrops insularis, lasema hivyo hivyo. Mimi naona tuwafuate wenyewe.

Jeshi la wanamaji la Brazili limepiga marufuku watu kutua huko, isipokuwa watafiti na wenye kibali. Marufuku hiyo humkinga nyoka pia: yuko hatarini kabisa kutoweka, na wapo wanaomwiba ili kumuuza.

Kumpoteza kungeuma, maana sumu ya ndugu yake jararaka ndiyo iliyowaonyesha wanasayansi njia ya kutengeneza captopril, dawa ya presha iliyoidhinishwa Marekani mwaka 1981. Enalapril, ambayo wazee wengi wa kwetu huandikiwa kliniki, ilitoka kwenye njia hiyo hiyo.