Kinuyo Tanaka: yanayosemwa na yaliyo kweli

"Ndiye mwanamke wa kwanza kuongoza filamu Japani."
Tanaka, mwigizaji na mwongozaji filamu wa Japani, ni wa pili. Tazuko Sakane alimtangulia mwaka 1936 kwa filamu *Hatsu Sugata*. Nakala za filamu hiyo zimepotea, na jina la Sakane likafifia pamoja nazo. Kumpa Tanaka nafasi hiyo ni kumfuta Sakane mara ya pili.

"Mwongozaji Kenji Mizoguchi ndiye aliyemfanya nyota."
Walifanya kazi pamoja mara ya kwanza mwaka 1940. Tanaka, mzaliwa wa Shimonoseki mwaka 1909, alikuwa ameingia studio ya Shochiku tangu 1924, akiwa na miaka 14. Mwaka 1931 aliigiza katika *Madamu to nyōbō* ya Heinosuke Gosho, filamu ya kwanza ya sauti iliyofanikiwa Japani. Mizoguchi alimkuta tayari ni nyota.

"Safari ya Marekani ilimmaliza."
Aliondoka mwishoni mwa 1949. Aliporudi mapema 1950 amevaa miwani ya jua na kuwarushia watu mabusu, magazeti yalimshambulia vikali. Lakini 1952 alicheza Oharu katika filamu ya Mizoguchi, kisha *Ugetsu* mwaka 1953 na *Sanshō Dayū* mwaka 1954. Waigizaji wachache duniani wana miaka mitatu kama hiyo.

"Aliongoza filamu kwa sababu ya umaarufu tu."
Hii ndiyo dhana inayomdhulumu zaidi. Kabla ya kushika kamera yake mwenyewe alikubali kuwa msaidizi wa mwongozaji Mikio Naruse katika filamu ya mwaka 1953, akijifunza kazi kutoka chini, ingawa alikuwa na karibu miaka 30 mbele ya kamera. Mwongozaji mwingine, Keisuke Kinoshita, alimwandikia mswada wa filamu ya kwanza, *Koibumi*, iliyotoka Desemba mwaka huohuo. Ya pili, mwaka 1955, ilitokana na mswada ambao mwongozaji Yasujirō Ozu alishiriki kuuandika. Mizoguchi alipinga Tanaka kuongoza filamu, ilhali Sakane alikuwa amefundishwa kazi na Mizoguchi huyohuyo! Hawakufanya filamu pamoja tena baada ya 1954.

Hadi 1962 Tanaka aliongoza filamu sita. Miswada mitatu ya filamu hizo iliandikwa na wanawake: miwili na Sumie Tanaka (hawana undugu), mmoja na Natto Wada. Anayetaka kumjua aanze na ile ya mwishoni mwa 1955, kuhusu mshairi Fumiko Nakajō aliyefariki kwa saratani ya matiti mwaka 1954. Mwili wa mgonjwa, makovu yake na matamanio yake vinaonyeshwa waziwazi, bila kuomba huruma.

"Uzeeni alisahaulika."
Mwaka 1974, katika filamu *Sandakan Na. 8* ya Kei Kumai, aliigiza bibi kizee aliyeuzwa ujanani kwenye danguro la Borneo. Mwaka uliofuata tamasha la filamu la Berlin lilimpa tuzo ya Dubu wa Fedha ya mwigizaji bora wa kike. Alifariki Machi 1977.