Dhahabu ya Amazon: yanayosemwa na yaliyo kweli

Husemwa kwamba Amazon ni pori lisilo na mwenyewe, kwa hiyo anayechimba humo hamdhulumu mtu. Si kweli. Ardhi ya Wayanomami, wenyeji wa asili wa msitu huo kaskazini mwa Brazili, ilitambuliwa rasmi mwaka 1992: takriban hekta milioni 9.6. Anayeingia humo kuchimba dhahabu ni mvamizi.

Wengine hudhani hawa ni wachimbaji wadogo wenye sururu na karai. Wapo, ila wengi huja na pampu za dizeli. Maji hurushwa kwa nguvu hadi ukingo wa mto unaporomoka, kisha tope hufyonzwa na kupitishwa juu ya mkeka unaonasa chembe za dhahabu.

Dhana inayonitia hofu zaidi ni kwamba tope likishatuama na maji yakawa maangavu, hatari imekwisha. Ili kuikusanya dhahabu, mchimbaji humwaga zebaki mchangani; zebaki na dhahabu hushikana vikawa donge. Donge likichomwa, zebaki hupaa kama mvuke na dhahabu hubaki. Mvuke huo hurudi ardhini na mvua, na zebaki iliyomwagika huishia mtoni. Huko chini kwenye tope, bakteria huigeuza kuwa sumu kali zaidi, inayoingia mwilini mwa samaki wadogo. Wakubwa huwala wadogo, na kila mlaji hurithi sumu ya aliyemla. Kuchemsha hakuiondoi, kukaanga hakuiondoi. Mjamzito akila samaki huyo, sumu humfikia mtoto tumboni na kuudhuru ubongo unaokua. Wamunduruku, wenyeji wengine wa asili, wa mto Tapajós huko Amazon ya Brazili, hutegemea samaki kwa kitoweo. Ukiwaambia waache samaki, niambie basi wale nini.

Malaria nayo husingiziwa msitu. Msitu una mbu wake, ndiyo, lakini mashimo yaliyoachwa hujaa maji na kuwa mazalia mapya, na wachimbaji huja na vimelea damuni. Januari 2023 serikali ya Brazili ilitangaza dharura ya afya kwa Wayanomami. Picha za watoto waliobaki mifupa zilienea duniani kote.

Lipo na neno hili, kwamba ni ugomvi wa kawaida wa ardhi. Mwaka 1993, huko Haximu, kijiji cha Wayanomami karibu na mpaka wa Brazili na Venezuela, wachimbaji waliua Wayanomami 16, watoto wakiwemo. Mahakama ya Brazili iliwatia hatiani baadhi yao kwa mauaji ya kimbari.