Skonzi za zabibu: sahau mkono wa mahamri

Wengi ninaowafundisha kuoka hapa Lamu ni mabingwa wa mahamri, na skonzi huwashinda kwa sababu hiyo hiyo. Sisemi zile za pakiti za dukani zinazoumuliwa kwa hamira. Nasema skonzi za Kiingereza, zenye zabibu kavu, zinazofura kwa beking poda na kumeguka ukizishika. Hamri hutaka ukande mpaka unga uvutike, kisha uufunike uumuke. Skonzi haitaki kukandwa wala kungojewa. Ukiikanda, gluteni, ile protini ya ngano inayovutika, hukaza, ukatoa kitu cha kutafuna kwa subira.

Vipimo vyangu: unga wa ngano gramu 225, beking poda vijiko 3 vya chai, chumvi kidogo, sukari gramu 25, siagi gramu 55, zabibu kiasi cha konzi moja, na maziwa yasiyozidi mililita 150. Chunga unga pamoja na beking poda na chumvi.

Siagi ndiyo kazi hasa. Vipande vyake vikiingia kwenye moto vikiwa bado vigumu, huyeyukia humo humo, maji yaliyomo yakageuka mvuke na kuacha nafasi ndani ya skonzi. Sasa nenda ukafanye hivyo wakati wa kaskazi, siagi inayeyuka mezani hata hujaigusa! Mimi huigandisha kwenye friza, nikaikwaruza kwa kikwaruzo cha karoti, na bakuli la unga nalo hukaa kwenye friji. Kisha nafikicha kwa ncha za vidole, kwani kiganja kina joto, hadi unga uwe chengachenga. Hapo tia sukari.

Zabibu ziloweke robo saa kwenye chai ya rangi, uzikaushe kwa kitambaa, kisha uzitie kwenye unga. Kavu tupu huungua zikichomoza juu. Tende pia hufaa, tena kwangu zinashinda zabibu: toa kokwa, katakata, zigaragaze kwenye unga zisishikane, na upunguze sukari nusu.

Mimina karibu maziwa yote kwa mpigo, changanya kwa kisu, acha likishikana. Donge linate kidogo; likiwa kavu, ongeza yaliyobaki. Beking poda, aliyoibuni Alfred Bird kule Birmingham mwaka 1843, huanza kutoa hewa mara inapolowa, kwa hiyo kuanzia hapo ni mbio. Akija mgeni akabisha hodi, mkaribishe kwa sauti, usiondoke. Bonyeza donge kwa mkono hadi unene wa sentimita 2.5 hivi. Kifimbo cha chapati kiache kabatini. Kata kwa mdomo wa gilasi uliochovywa kwenye unga, ukishindilia wima. Ukizungusha gilasi, kingo hujifunga na skonzi hufura upande mmoja. Paka maziwa juu tu, yasichuruzike ubavuni, kwa sababu hiyo hiyo.

Oveni iwe imeshapata moto wa nyuzi 220, na dakika 12 hadi 15 zinatosha. Asiye na oveni apalie, kama tunavyopalia mkate wa kumimina: sufuria nzito yenye mchanga chini, kigae juu yake, sinia dogo la skonzi, mfuniko, na makaa mengi juu kuliko chini. Kabla ya kuzitia, nyunyiza unga kidogo ndani kwenye kipande cha bati. Ukigeuka kahawia upesi bila kutoa moshi, tia. Moto hafifu huzifanya zitande badala ya kupanda.

Zile siku hiyo hiyo, zingali na uvuguvugu, na zimegue kwa mkono. Kule Uingereza watu wa Devon hutanguliza krimu, wa Cornwall hutanguliza jamu, na kila mmoja humwona mwenzake hajui kula. Mimi niko na Cornwall, kwa jamu ya embe: malai yetu ya maziwa ya kuchemsha ni laini kuliko krimu yao nzito, na ukiyatanguliza jamu huteleza yote kwenye kisahani.