Montesquieu wa vitabuni na Montesquieu wa Bordeaux

Mwanafunzi wa Uraia akiulizwa nani aliyebuni mgawanyo wa madaraka, hujibu bila kusita: Montesquieu, mwanafalsafa wa Kifaransa. Anapata alama zake, na habari za mtu huyo zinaishia hapo. Kumbe nyuma ya jina hilo kuna wakili wa mkoani, mwenye mashamba ya mizabibu na jaji wa kesi za jinai. Asiyemjua huyo atamnukuu visivyo, nasi tunamnukuu kila tunapobishana kuhusu Bunge, Serikali na Mahakama.

Wengi humdhania msomi wa Paris aliyejifungia na vitabu. Charles-Louis de Secondat, maana ndilo jina alilozaliwa nalo, alizaliwa mwaka 1689 katika ngome ya La Brède, kusini kidogo mwa Bordeaux, mji wa bandari wa kusini-magharibi mwa Ufaransa. Alinyonyeshwa kijijini, kwa mke wa msaga nafaka, na lafudhi ya watu wa Gascony, eneo hilo, haikumtoka ukubwani. Mwaka 1708 alimaliza masomo ya sheria palepale Bordeaux, akawa wakili. Mwaka 1715 alimwoa Jeanne de Lartigue, Mprotestanti katika nchi iliyokuwa imeharamisha dini hiyo, aliyekuja na livre 100,000, fedha ya Ufaransa ya wakati ule, kutoka kwao. Mama huyu ndiye aliyesimamia mashamba mumewe alipokuwa Paris au safarini. Ni haki atajwe, kwa kuwa bila yeye sioni muda wa kuandika ungetoka wapi.

Dhana nyingine ni kwamba alipanda hadi ujaji kwa ubingwa wake wa sheria. Sivyo. Mwaka 1714 aliingia katika mahakama kuu ya Bordeaux, na mwaka 1716 baba yake mkubwa alipofariki akamwachia mali, jina la Montesquieu, na kiti cha mmoja wa marais wa mahakama hiyo. Katika Ufaransa ya wakati ule kiti cha jaji kilikuwa mali kama nyumba: kinanunuliwa, kinarithiwa, kinauzwa. Yeye mwenyewe aliandika kwamba mambo yenyewe ya kesi aliyaelewa vya kutosha, lakini utaratibu wa mahakama hakuuelewa hata kidogo, na kilichomuudhi zaidi ni kuona wapumbavu wakiumudu. Mwaka 1726 akakiuza kiti.

Hata hivyo, katika kitabu chake kikubwa kuhusu sheria, kilichotoka Geneva mwaka 1748 bila jina la mwandishi, aliitetea biashara hiyo ya vyeo kwa nchi zenye mfalme. Vyeo visipouzwa hadharani, alisema, watu wa ikulu wataviuza kwa siri. Mwandishi mwenzake wa Kifaransa, Voltaire, alimshambulia vikali kwa hilo, na mimi nadhani Voltaire alikuwa na haki. Lakini hoja yenyewe inaonyesha Montesquieu alikuwa akiogopa nini: jaji anayekaa kwa hisani ya mtawala.

Hofu hiyo ilikuwa na mizizi shambani pia. Mwaka 1725 Serikali ya mfalme ilipiga marufuku upandaji wa mizabibu mipya mkoani humo bila kibali. Yeye alikuwa amenunua ardhi karibu na Bordeaux, na alitaka kupanda. Akaandika waraka wa kupinga: mwenye shamba anajua kuliko waziri kama mizabibu yake inamlipa au inamtia hasara. Kwake, amri ya kutoka mbali lilikuwa jambo linalogusa mavuno na mfuko.

Sasa ile dhana kubwa kuliko zote, kwamba alitaka mihimili mitatu isigusane kabisa. Sura inayonukuliwa imo katika sehemu ya 11 ya kile kitabu cha 1748, kuhusu katiba ya Uingereza, nchi aliyoishi kati ya 1729 na 1731. Ukiisoma yote utaona anampa mtawala uwezo wa kuzuia sheria, analipatia Bunge haki ya kuchunguza sheria zilivyotekelezwa, na anataka makabaila washtakiwe mbele ya wenzao wa baraza la juu, wasipelekwe mahakama za kawaida. Anachokataa ni mikono ileile kushika madaraka yote. James Madison, mmoja wa waandishi wa Katiba ya Marekani, ilimbidi awaeleze Wamarekani jambo hilohilo mwaka 1788. Kwa hiyo Ibara ya 62 ya Katiba ya Tanzania, inayosema Bunge lina sehemu mbili, Rais na Wabunge, haiwezi kuhukumiwa kwa kutaja jina la Montesquieu tu. Na Kenya, ambako tangu Katiba ya 2010 waziri haruhusiwi kuwa mbunge, nayo haiwezi kupimwa kwa jina hilo tu.

Wala hakuwa wa kwanza. Mwanafalsafa wa Kiingereza John Locke alikwisha kutenganisha utungaji wa sheria na utekelezaji wake. Alichoongeza Montesquieu ni kuipa kazi ya kuhukumu nafasi yake yenyewe, na hapo alisema jambo ambalo huwa halifundishwi: kazi hiyo isipewe baraza la kudumu, bali watu watolewe miongoni mwa wananchi kwa muda, kisha warudi makwao. Aliyeandika hivyo alikuwa amekalia kiti cha kurithi kwa miaka kumi.

Kuhusu Afrika kuna makosa ya pande mbili. Wapo wanaomtuhumu kwamba alitetea utumwa, wakinukuu sura inayosema sukari ingekuwa ghali mno bila watumwa. Sura hiyo ni kejeli: anawavisha watetezi wa utumwa hoja zao mpaka zinawaumbua, akisema karibu na mwisho kwamba tukikubali watumwa hao ni binadamu, watu wataanza kuamini kuwa sisi si Wakristo. Aliyaandika hayo mtu wa Bordeaux, bandari ya meli za watumwa. Lakini wanaomsafisha kabisa nao wanaruka kurasa zinazofuata, ambako anasema katika baadhi ya nchi za joto utumwa una msingi wa kimaumbile. Nadharia yake kwamba joto huwafanya watu waoga na wavivu aliitafutia ushahidi kwenye ulimi wa kondoo: aliugandisha nusu, akautazama kwa hadubini, akaona vinundu vya ladha vimenywea kwa baridi. Kutoka hapo akatoa hukumu juu ya mabara mazima, Afrika na Asia, ambayo hakuwahi kuyakanyaga.